Shangazi, Kanga na Mashine ya Jirani

Sina la kuwaficha, maana Ikwiriri nzima imeshacheka. Mimi ndiye mnunuzi wa mpunga katika kampuni ndogo ya familia yetu, na kila gunia nalihesabu mara mbili. Mpinzani wangu ni Zuhura, binti wa kampuni ya jirani. Kwa bei ananizidi, kwa maneno ananizidi, na kwa tabasamu nilishaacha kushindana.

Waliponunua mashine mpya ya kukoboa, nikataka kujua nguvu yake. Nikamtuma shangazi akapeleleze. Ili asiende mikono mitupu, nikampa doti ya kanga niliyoipigania bei sokoni Kibiti mpaka muuzaji akaomba maji ya kunywa.

Hesabu moja tu ilinitoka: kwetu, shangazi wa kijana ambaye hajaoa haingii nyumba yenye binti akiwa na kanga mkononi, halafu akaondoka hivi hivi.

Juzi akaja baba yake Zuhura, amevaa kanzu yake ya Ijumaa, akaketi ofisini kwetu mbele ya wateja.

"Posa tumeipokea, mwanangu."

Nikamtazama shangazi, aliyekuwa ameketi pembeni. Shangazi akatazama dari. Nikikana, nampoteza Zuhura. Nikisema kweli, mimi ni mpelelezi. Kwa mara ya kwanza maishani nikakubali bila kuomba kupunguziwa.

"Tunashukuru sana, baba."

"Zuhura naye amekubali," mzee akaendelea. "Ila anauliza, mshenga gani huyu asiyeuliza hata habari za binti, anauliza mashine inakoboa magunia mangapi kwa saa?"