Kichuguu cha Watu Wawili na Ndama

Mdomo wangu umeniponza mara nyingi, lakini mara ile uliniponza hadi nikalala juu ya kichuguu.

Ilikuwa Jumamosi, masika yamekolea. Nilitoka Michenga na mtumbwi kwenda kwenye kibanda chetu cha shambani kuchukua kapu la kambale wa kubanika. Kesho yake washenga walikuwa wanakuja kutoka Mang'ula. Baba alishapanga: watakaribishwa, kisha ataniita aniulize mbele yao, "Binti, unawafahamu wageni hawa?" Nikijibu nawafahamu, nimechumbiwa. Nisipokuwepo, ni aibu kwa ukoo mzima. Wataondoka na hawatarudi. Na mimi nilitaka kujibu nawafahamu. Bwana yule alikuwa na ajira, nyumba ya matofali na bati jipya, na mimi nilikuwa nimechoka kuishi na tope kama kambale mwenyewe.

Narudi na kapu langu, napiga pondo, naona mtu kasimama juu ya kichuguu kikubwa, maji kila upande. Bondeni kwetu mvua ikizidi vichuguu hugeuka visiwa. Kofia kichwani, koti kubwa, fimbo begani, pembeni ndama mweupe. Nikamtambua. Ala! Si yule mfugaji wa Kisukuma ambaye ng'ombe wake walishinda ndani ya mpunga wetu mwezi uliopita?

"Mwadila, mayu," akaniamkia kwa Kisukuma, mpole utadhani tumekutana sokoni.

"Mwadila yako wapelekee ng'ombe wako! Panda twende."

"Na ndama?"

"Ndama ataogelea."

"Basi na mimi nabaki naye."

Mtu mwenye akili angeondoka. Lakini kumgombeza mtu aliye juu yako hakunogi, kwa hiyo nikashuka. Kapu nikashuka nalo, maana aliyelisha mpunga wa watu atashindwa nini kwa samaki? Nikamtupia kamba ya mtumbwi. "Shika hapo!" Nikaanza na jaruba la kwanza, nikaja la pili, nikafika mpaka kwa babu zake. Yeye akasikiliza kwa adabu, mikono yake ikifanya kazi. Nilipotulia kuvuta pumzi nikaona kamba yetu iko shingoni mwa ndama, fundo safi kabisa, na mtumbwi uko mbali unakwenda zake.

"Umeuachia mtumbwi!"

"Ndama ana miguu, angekimbia," akasema, na alishangaa kwa dhati. "Mtumbwi hauna miguu. Ungeenda wapi?"

Loo! Nilitaka kumrusha majini. Kumbe hata kuogelea hajui. Mimi najua, ila mto wetu una mamba, na mamba hajali kwamba kesho unaposwa.

Nikakaa upande wangu, yeye wake. Kichuguu chenyewe ni chumba na sebule. Siafu nao walikuwa wamekimbilia hapo hapo, tukajikuta wote tunarukaruka kujikung'uta, yeye akinionyesha waliko mgongoni kwangu kwa ncha ya fimbo, uso kaugeuzia pembeni kwa heshima. Nikacheka. Kisha nikakasirika kwa sababu nimecheka.

Njaa ikaja. Yeye alikuwa na michembe, vile viazi vitamu vya kukausha, na galoni la maziwa ya mgando. Mimi nilikuwa na samaki wa washenga. Nikasema tutakula mmoja tu. Tulipofika wa nne akaniuliza, "Hao wageni wako ni wengi?"

"Kwa nini?"

"Nawaonea huruma. Watakula mchuzi."

Maziwa yakanitoka puani. Haki ya Mungu, puani!

Alasiri kiboko akaibuka karibu. Ndama akalia, kiboko akajibu. Mwanamume aliyekuwa ananisimulia alivyomfukuza simba kwa fimbo, nikamkuta nyuma yangu kashika gauni langu.

"Simba alikuwa nchi kavu," akajitetea.

Nikanyakua galoni, nikalipiga kwa fimbo yake, nikamtukana kiboko yeye na shangazi zake wote, mpaka akazama akaenda zake. Msukuma akanitazama sana. "Kumbe mimi ulinigombeza kwa upendo," akasema. Kisha akaacha utani. "Ule mpunga, nisamehe. Nilisinzia kwa homa, nikaamka wameshaingia."

Tangu ng'ombe waingie bondeni, hakuna mtu aliyewahi kututamkia neno hilo. Nikamsogezea samaki wa tano, mimi mwenyewe!

Usiku niupitie haraka: ndama alilala katikati yetu, na anayetaka kuuliza zaidi amuulize ndama.

Asubuhi mjomba wangu, mvuvi wa Kivukoni, akatokea na kimtumbwi chake. Alikuwa ameukuta mtumbwi wetu umenasa kwenye matete, umejaa maji, akajua kuna jambo.

"Panda haraka! Washenga wameshafika, wamekalishwa. Mama yako analia jikoni." Akakitazama chombo chake. "Nafasi ni ya mmoja. Kijana na ndama nitawafuata jioni na mtumbwi mkubwa."

Nikatia mguu mmoja. Msukuma akavua kofia. "Shikamoo, mzee. Mpeleke, watu wanamsubiri." Akanipa kapu langu. Alijaribu kutabasamu, ikamshinda, akainama kulikaza fundo la ndama ambalo halikuwa na tatizo lolote.

Jamani, moyo uliniuma! Nikajaribu kukumbuka kicheko cha yule bwana wa Mang'ula. Nikatafuta, nikatafuta, nikakuta bati tu. Na nilijua gharama yake: mama hatanisamehe. Kweli, mwaka mzima aliniwekea chakula bila kunisemesha. Hayo yote niliyajua mguu ukiwa ndani ya mtumbwi, na bado nikautoa.

"Mjomba, mwambie baba siwafahamu."

Mjomba akanitazama, akamtazama Msukuma, akalitazama kapu lililobaki miiba. Akageuza kimtumbwi.

"Basi jioni nakuja na mtumbwi mkubwa," akasema.

"Kesho, mjomba," nikamwambia. "Njoo kesho."