Mbwa Aliyeambiwa Akae

Simu ile ilinuka mdalasini. Mama alinipa mwezi uliopita nilipokwenda kumsalimia Morogoro kutoka Turiani, ninakofundisha, ikiwa bado ndani ya kopo la bati ambalo marehemu Bibi alikuwa akitunzia viungo vyake vya chai. Nilipofungua kifuniko harufu ikanipanda puani, na kabla sijaiona simu yenyewe nilikwishamwona Bibi, mama yake Mama, amekaa kitandani kwetu Kihonda, mguu kaunyoosha juu ya mto, ananiuliza kwa sauti ya hakimu, "Mke mwenzangu, mbwa wako kala?"

Ngoja niwasimulie habari za mbwa huyo. Kusema kweli walikuwa wawili, mmoja wa nyama na manyoya na mwingine wa kwenye simu, na mpaka leo siwezi kumtaja mmoja bila kumtaja mwenzake.

Nilikuwa darasa la tano. Mjomba, mdogo wake Mama, alikuwa dereva wa bodaboda, na simu yake ya kugusa ilipopasuka kioo alinunua ya kubonyeza, ile mbovu akanipa mimi. Haikuwa na laini. Ilikuwa na ufa kutoka kona moja mpaka nyingine, na ilikuwa na gemu moja ambalo fundi fulani wa mjini alikuwa amelitia. Dunia ya gemu lile ilijengwa kwa maboksi. Miti maboksi, milima maboksi, hata jua lilikuwa boksi. Hakukuwa na mtu wa kukuambia ufanye nini humo. Wenzangu mtaani walijenga maghorofa na kuyachoma moto, mimi nikafuga.

Paka alitaka samaki mbichi, tena usimame kimya kama uko kwenye swala, ukitikisika tu amekimbia. Kasuku alitaka mbegu. Farasi ulimpanda akakubwaga, ukampanda tena akakubwaga, mpaka achoke yeye au uchoke wewe. Lakini aliyeniteka moyo ni mbwa. Alianza kama mbwa mwitu wa kijivu huko msituni. Unampa mfupa, anakula na kukutazama kama hakujui. Unampa wa pili, wa tatu, wa sita. Ghafla mioyo midogo myekundu inamruka kichwani, anapata ukanda shingoni, na kuanzia hapo anakufuata kila uendako. Ukimgusa anakaa. Na akikaa amekaa. Funga simu, nenda shule, lala, rudi kesho, utamkuta palepale mpaka umguse tena ainuke.

Bibi alikuja kwetu mwaka huohuo, na hakuja kwa kupenda. Aliteleza shambani kwake, juu kabisa ya Mkuyuni, kwenye ule mteremko ambao wenyewe wa mlimani wanaupanda na mzigo kichwani huku wakipiga soga. Nyonga ikavunjika. Vijana wakamteremsha kwa kitanda cha kamba mpaka barabarani, hospitali wakamfunga vyuma, na daktari akamwambia Mama maneno ambayo nilisikia kwa sababu nilikuwa nimejibanza nyuma ya mlango: atembee kila siku, kidogo kidogo, la sivyo mvua za vuli zitamkuta hainuki tena.

Bibi alikataa. Hakugombana na mtu, alikataa tu. Gongo lake la kutembelea lilisimama ukutani siku nyingi hata Mama akaanza kulianikia kanga. Kila akiambiwa anyanyuke alijibu jibu lilelile, "Nitembee niende wapi?" Swala zake aliziswali kwa kukaa. Mama alikuwa akitoka chumbani humo anakwenda jikoni, anajifanya kitunguu kimemwingia machoni, na siku nyingine nyumbani hatukuwa hata na kitunguu.

Mimi ndiye niliyelala naye chumba kimoja, basi akawa mtazamaji wa mifugo yangu. Alivaa miwani yake ya kusomea msahafu na kuikazia macho ile simu. Paka alimruhusu aingie ndani. Farasi alisema ni mnyama wa fujo. Siku nguruwe walipopita mbele ya nyumba yangu ya maboksi aliniambia kwa ukali, "Hao wapite tu, usiwaangalie. Wamenimalizia mihogo hao." Siku nyingine nikaanza kuwahesabu kondoo wangu kwa sauti, moja, mbili, tatu, akanipiga kofi la mkononi. Mifugo haihesabiwi, akasema, inaitwa majina. Ndiyo maana kondoo wangu kumi na moja wote walikuwa na majina ya shangazi na mama wadogo, na mimi niliyekuja kusomea hesabu bado ninaona vibaya kuhesabu hata kuku.

Mbwa aliniamuru nimpe jina Askari Mdogo, kwa sababu Askari Mkubwa alikuwapo. Askari alikuwa mbwa wake Bibi huko mlimani, mwekundu, sikio moja limechanika, kazi yake kufukuza nguruwe na nyani shambani. Nyumbani hakuingia hata siku moja. Bibi alikuwa mtu wa udhu na msala wake, na mbwa mahali pake palikuwa nje, kando ya kizingiti. Hata yule wa kwenye simu nililazimika kumkalisha nje ya mlango kila nilipotaka kufunga gemu. Na kila nilipofungua na kumgusa ainuke, Bibi alipiga paja lake mara mbili na kusema kwa Kiluguru, kwa furaha kama anayemkaribisha mgeni, "Haya, inuka, nimerudi."

Alasiri moja nilimgusa Askari Mdogo akainuka, na Bibi hakusema neno. Nikageuka. Alikuwa anatazama dirishani.

"Wangu sikumwinua," akasema.

Ndipo akanieleza. Siku ile ya kitanda cha kamba Askari alitaka kuwafuata, akawa anapita katikati ya miguu ya wabebaji, nao njia ilikuwa inateleza. Bibi alimwambia kaa. Akakaa kizingitini. Jirani yake, Mama Chiku, alikuwa akituma salamu kwa watu wa sokoni kwamba mbwa yuko palepale tangu siku hiyo, anakula makombo anayopelekewa lakini haondoki. Bibi alikuwa amemwambia Mama, amemwambia Mjomba, na wote wawili walimjibu kwa upole kwamba Mungu atamtunza. Nani aache shughuli zake apande mlima kwa ajili ya mbwa?

Wasomaji wangu, mtu mzima angeona ni habari ya mbwa. Mimi niliona ni kosa la wazi kabisa. Katika dunia yangu, ukimkalisha mnyama wako, wewe mwenyewe ndiye wa kumwinua. Nilimsumbua Mjomba siku tatu. Nilimwoshea pikipiki. Nilimwambia mtandao haufiki kwa Bibi, kwa hiyo tutarekodi sauti yake kwenye simu yangu, tumpelekee mbwa asikie, ainuke. Mjomba alicheka mpaka akakaa chini, halafu akamtazama dada yake aliyekuwa anapita na beseni, akaacha kucheka.

"Haya. Jumamosi," akasema.

Bibi alirekodi vizuri sana, ingawa aliishika simu mbali kama pasi ya moto. Asubuhi ya safari akanifunga mabegani kanga yake aliyolala nayo. Alisema mlimani kuna baridi.

Sasa nakiri. Kutoka mjini mpaka Mkuyuni nilikaa nyuma ya Mjomba nikicheza gemu. Nilijiambia nacheza kidogo tu. Tulipoacha pikipiki na kuanza kupanda kwa miguu, kati ya migomba na mikarafuu, niliendelea kucheza kila tulipopumzika. Tulipofika kwa Bibi, Askari alikuwa kizingitini. Amekonda, vumbi limemkaa mgongoni, macho yake yako kwenye njia. Mama Chiku alitoka kwake, tukamwamkia, akatuonesha sufuria ya makombo, akasimama kutazama. Nikaitoa simu kwa madaha. Nikabonyeza. Kioo kilikuwa cheusi. Chaji ilikwisha.

Nilitamani ardhi inimeze. Mjomba alikuwa na haki zote za kunichapa, jasho lilikuwa linamtiririka mpaka kwenye viatu. Alivuta pumzi ndefu, akachuchumaa mbele yangu.

"Basi sema wewe," akaniambia. "Si ndiyo kazi uliyokuwa unafanya mwezi mzima?"

Nikasogea. Nilikuwa naogopa mbwa, sijui kama nimewaambia. Wa kwenye simu hanuki na hana meno. Askari alinyoosha shingo, akaanza kuinusa ile kanga, polepole, pindo kwa pindo. Nikapiga paja langu mara mbili na kusema maneno ya Bibi kwa Kiluguru changu cha mjini, "Haya, inuka, nimerudi."

Akainuka. Miguu ya nyuma ilikuwa mizito, lakini aliinuka, akajikung'uta vumbi lote likaniingia mdomoni, na mkia wake ukaanza kunipiga magotini. Mama Chiku akasema subhanallah. Mimi nililia bila aibu.

Tulimteremsha kwa miguu mpaka Mkuyuni, na kutoka hapo alisafiri ndani ya tenga la nyanya lililofungwa nyuma ya pikipiki, kichwa nje, sikio lililochanika linapepea. Watu wa sokoni waliacha kuuza ili watutazame.

Mama alipotuona alishika kiuno. "Mbwa! Wewe Hawa, mbwa nyumbani kwangu! Kizingiti changu asikikanyage." Askari akafungwa chini ya mlimau, mwisho wa ua, na mimi nikamchukia Mama kimyakimya. Asubuhi yake Mama aliingia kwa Bibi na bakuli la ugali na dagaa, akaliweka juu ya meza.

"Hali," akasema. "Nimempa, kakataa. Anakungoja wewe."

Bibi alilitazama bakuli. Akatutazama sisi. Halafu akasema, "Nipeni hilo gongo, mtu wangu ana njaa."

Siku ya kwanza alifika mlangoni tu, Mama na Mjomba wamemshika huku na huku, akamrushia Askari chakula kwa mbali. Baada ya wiki alifika kwenye kamba ya nguo. Mvua za vuli zilipoanza kunyesha alikuwa anakwenda mwenyewe hadi kwenye mlimau, mwavuli mkono mmoja na gongo mkono wa pili, anamgombeza mbwa kwamba anamtesa bibi wa watu. Adhuhuri moja nilimkuta anaswali amesimama. Mwaka uliofuata alirudi mlimani kwake, akatembea hatua zote kutoka barabarani, Askari mbele. Mimi nilimpa ile simu akakae nayo. Nilimkalisha kwanza Askari Mdogo nje ya mlango, nikaizima. Bibi aliishi huko miaka minane mingine.

Kwa miaka yote hiyo niliisimulia hadithi hii kama ya mbwa mwaminifu asiyekula ila mkononi mwa mwenyewe. Mwezi uliopita, Mama aliponipa kopo, niliisimulia tena, naye akaanza kucheka.

"Mbwa yule alikuwa anakula kwa mtu yeyote," akasema. "Asubuhi ile ya kwanza nilimpelekea mimi kabla ya alfajiri. Alikula mkononi mwangu, akanilamba mpaka kiwiko. Nilinawa mara saba, mara ya kwanza kwa udongo. Halafu nikajaza bakuli jingine, nikaenda kumdanganya mama yangu. Na yule mbwa hakuniangusha, alikula tena."

Mama Chiku alituambia siku ileile kwamba mbwa anakula. Nilikuwa na sufuria mbele ya macho yangu na sikuiona. Nilidhani aliyemwinua mbwa ni mimi na aliyemwinua Bibi ni mbwa, na kumbe aliyeinua nyumba nzima alikuwa Mama, aliyemtia mkono mdomoni mnyama aliyemwona najisi, akarudi ndani na uso mkavu. Nilimkumbatia palepale jikoni. Akaniuliza nimepatwa na nini.

Fundi mmoja wa hapa Turiani ameiwekea simu betri nyingine. Jana ikawaka, na ufa wake vilevile. Nyumba yangu ya maboksi ipo, na nje ya mlango Askari Mdogo amekaa, mahali alipopenda Bibi. Nimepiga paja langu mara mbili, nimesema maneno yale kwa sauti, peke yangu chumbani, kisha nikamgusa.

Ameinuka.