Tabaga Sita kwa Siku Moja ya Njia ya Oraba

Saa kumi na moja na nusu alfajiri, maji ya rangi yanaanza kuchemka. Medina Asuman anatumbukiza tita la ukindu kwenye sufuria, analizamisha kwa kijiti, na mvuke unapanda ukimficha uso. Ua mzima bado ni giza.

Hawashi taa. Ukindu ukishashika rangi, anasema, harufu yake hubadilika, na pua yake imezoea kungoja harufu hiyo tangu alipokuwa binti wa miaka tisa. Ukindu huu ni wa tabaga, vile vifuniko vya chakula vya rangi ambavyo nyumba za Wanubi wa Arua haziwaandalii wageni bila hivyo.

Ni Jumamosi ya pili ya Februari, 1993. Medina ana umri wa miaka thelathini na tisa, na amebakiwa na saa moja kuamua jambo ambalo limemkalia kichwani tangu nyasi zilipoanza kuchomwa. Saa kumi na mbili na nusu, pikapu ya Silvester itapita mbele ya nyumba yake.

Kila Jumamosi ya kiangazi Silvester hubeba watu kumi waliorudi kutoka uhamishoni, akawapeleka njia ya Koboko hadi Oraba, mpakani, wakaangalie mahali walipoacha nyumba au watu wao. Nauli ni shilingi elfu mbili na mia tano, kwenda na kurudi.

Lakini iko njia nyingine. Koboko kuna mtu aitwaye Lokule, ambaye huchukua mtu mmoja tu, kwa baiskeli, kutwa nzima. Bei yake ni shilingi elfu kumi na mbili. Kwa Medina hizo ni tabaga sita, na tabaga moja humchukua siku nne. Fedha anazo, lakini aliziweka kwa ajili ya nyasi za kuezekea, kwa sababu paa lake halitastahimili masika mengine.

Anachokitafuta ni kaburi la mama yake.

Oktoba 1980, askari walipoingia Koboko, watu walikimbilia Sudan usiku kwa miguu. Medina alikuwa na mtoto mchanga, Zulaika, mwenye siku kumi na moja. Akatangulizwa na wanawake. Mama yake hakuweza kwenda mwendo ule, akabaki nyuma na Yakubu, kaka yake Medina. Siku ya tatu Yakubu alifika ng'ambo peke yake, matope hadi magotini.

Yakubu alisema maneno machache, na Medina ameyahifadhi kama yalivyo. Baada ya daraja la mbao, mkono wa kulia, chini kidogo ya mwamba mweupe. Hakukuwa na jiwe la kuweka, akakata vijiti viwili vya mnyaa, akachomeka kimoja kichwani, kimoja miguuni. Yakubu mwenyewe alifariki hukohuko Sudan, mji wa Yei, mwaka 1985. Medina alirudi Uganda mwaka 1988 na hakuwahi kufika mahali hapo.

Jirani yake, Suzan, alikwenda na pikapu ya Silvester mwezi Januari. Alimweleza Medina kwamba walipita shamba la baba yake wakati yeye bado anatafuta neno la kumwambia dereva asimame. Walipogeuza, wenzake wakaanza kunung'unika kuhusu jua, akashuka, akatazama, akapanda.

Kitu kimoja Suzan alikisimulia zaidi ya mara moja. Akiwa dirishani aliona shamba lililoungua, jeusi lote, na katikati yake mwanamume mwenye kofia na mwanamke mmoja wamesimama mbalimbali, hakuna anayemharakisha mwenzake. Baiskeli ilikuwa imelazwa kando ya barabara. Kondakta akasema yule ndiye Lokule.

Hata hivyo Suzan huyohuyo ndiye aliyemcheka Medina alipotaja elfu kumi na mbili. "We Mama Zulaika, utalipa mutu akuonyeshe mama yako mwenyewe? Mvua ikikunyeshea kitandani, utaenda kulala kwa Lokule?"

Medina alicheka pia. Lakini neno la kwanza lilimchoma. Kwao, mgeni ndiye huonyeshwa njia, na mwenye mji huonyesha. Kulipa kiongozi ili ufike kwa mama yako ni kukiri kwamba umekuwa mgeni kwenu.

Saa kumi na mbili na nusu honi inalia. Medina anaepua sufuria, anaanika ukindu kwenye kamba, anajifunga gaghali, shuka yake ya bluu ya Kinubi, na kumwambia Silvester kwamba anashuka Koboko.

Silvester alimtazama kwenye kioo. Alisema nauli ni ileile hata akishuka njiani, na kwamba huko Koboko baiskeli haina hata paa. "Au pesa ya tabaga inakuwasha, mama?" Abiria wakacheka. Medina akajibu kwamba inamwasha kweli, na ndiyo maana anakwenda kujikuna.

Lokule alikuwa akijaza upepo gurudumu la nyuma. Ni Mkakwa wa miaka kama hamsini, mrefu, mwenye kofia ya kitambaa iliyopauka. Miaka ya kukimbia alikuwa akibeba mizigo ya watu kwenda na kurudi mpakani, na njia hiyo aliipita mara nyingi kuliko anavyoweza kukumbuka. Hufanya kazi hii wiki chache tu kwa mwaka, baada ya moto na kabla ya mvua, maana nyasi zikiota zinamfunika mtu. Kiangazi hiki amewachukua watu kumi na wanne. Tisa waliona walichokitafuta.

Medina alimwuliza kuhusu wale watano. Walilipa? Na yeye mwenyewe, asipoona, atalipa?

"Nalipwa vilevile," Lokule alisema. "Miguu yangu haijui kama wewe umeona. Mimi iko najua njia, mama. Kuahidi si kazi yangu."

Medina anasema hapo ndipo aliporidhika. Angeahidiwa, angerudi Arua.

Walitoka Koboko jua likiwa bado chini. Medina alikaa upande kwenye kiti cha nyuma, mkono mmoja kwenye springi za tandiko. Ukungu ulikuwa umelala mabondeni, na juu yake vilele vya milima vilielea kama vyungu vilivyofunikwa juu ya maji. Majivu laini yalipeperuka mbele ya gurudumu. Mara mbili Medina alisinzia, na mara mbili aliota kwamba Zulaika amemlalia mgongoni, uzito wa mkate. Alipozinduka alikuta mgongo mtupu, na akakumbuka kwamba Zulaika sasa ana miaka kumi na miwili na amemshinda kimo.

Hakutambua kitu chochote. Hilo ndilo lililomshangaza. Kwa miaka kumi na miwili alikuwa akiitembea barabara hii kichwani, na sasa kila mti ulikuwa wa watu wengine.

Alipomwambia, Lokule alisimamisha baiskeli akamwomba ashuke. "Siku ile ulipita usiku, tena kwa miguu. Macho yako hayana kitu ya kukumbuka. Tembea."

Medina akavua kandambili. Walitembea kwa muda, yeye mbele, Lokule nyuma akiikokota baiskeli. Barabara ilianza kuteremka, na Medina anasema magoti yake ndiyo yaliyojua kwanza. Hapa ndipo wanawake walipomshika mkono usiku ule asiteleze na mtoto. Halafu ikasikika sauti ya maji, kisha mbao chini ya nyayo, zile za kuyumba, moja imepasuka katikati.

Ng'ambo ya daraja, mkono wa kulia, mwamba mweupe ulikuwapo. Moto ulikuwa umepita pande zake zote.

Lokule aliilaza baiskeli kando ya barabara, akabaki palepale. Medina alipogeuka kumngoja, Lokule alitikisa kichwa.

"Kwa mutu wake, mugeni hatangulii," alisema. "Ni wewe utaingia kwanza. Ukiniita, nitakuja."

Medina anasema neno hilo liliondoa lile la Suzan, kama mtu anavyotoa mwiba kwa mwiba.

Chini ya mwamba, katikati ya weusi, palikuwa na kijani. Mnyaa ni mmea wenye utomvu mweupe, na moto wa nyasi hauumalizi. Vijiti alivyochomeka Yakubu vilikuwa vimeshika mizizi, vikawa miti iliyompita Medina kimo. Miwili ilisimama ikielekeana, umbali wa mtu aliyelala.

Hatua chache kando yake palikuwa na mingine miwili. Na nyuma ya hiyo, miwili mingine.

Alisimama. Akamwita Lokule.

Lokule aliivua kofia, akatazama jozi moja baada ya nyingine. Alisema anapafahamu hapo, kwamba siku zile watu wengi walipumzika chini ya mwamba, na wengine hawakuinuka. Nani alilala wapi, hakujua. Hakujaribu kukisia. Alisema siku ingali na nusu yake, kama anataka waende kuuliza nyumba zilizo mbele, ama warudi, ama wakae. Siku ilikuwa ya Medina.

Akaamua kukaa. Lokule akarudi barabarani.

Medina aling'oa visiki vya nyasi kwa mikono katikati ya jozi ya kwanza, halafu ya pili. Alipofika kwenye ya tatu alipiga magoti, akashika shina moja kwa mkono wa kushoto, na mkono wa kulia ukagusa la pili. Hakuwa amenyoosha viwiko. Alikaa hivyo, ameishika miti yote miwili, bila kujua kwa muda gani. Upepo uliinua majivu na kuyarudisha polepole. Anasema hakuwa na huzuni wakati huo, ila aliona kama amepakata.

Honi ililia juu barabarani. Pikapu ya Silvester ilikuwa ikirudi kutoka Oraba, na abiria walichungulia kutoka kwenye vumbi. Silvester alimpungia mkono, akapiga honi tena. Medina hakuinuka. Gari likapita, vumbi likatua juu ya majivu.

Aliisoma Fatiha mara tatu, katikati ya kila jozi mara moja. Kivuli cha mwamba kilipomfikia miguuni, alikwenda barabarani akamwambia Lokule kwamba amemaliza.

Lokule alimwuliza yupi ni wake. Akasema hajui. Lokule akaipangusa kofia majivu, akaivaa, akashikilia baiskeli ili apande.

Koboko alipata lori la kumrudisha Arua, na Suzan alikuwa akimngoja uani. Aliuliza kama amemwona mama. "Nimeona watatu," Medina alijibu, akaenda kutoa ukindu kwenye kamba. Paa aliliwekea turubai la kuazima.

Kwa muda wa siku mbili tatu maneno hayo yalizunguka sokoni Arua, mengine kwa mzaha: Medina alilipia mmoja akapewa watatu. Alhamisi, mwanamke asiyemjua alisimama kwenye ua wake. Alijitambulisha kwa jina la Afisa, akasema ametoka Omugo kwa lori la tumbaku. Mwaka ule wa kukimbia alikuwa ameolewa Koboko, ana mtoto mgongoni. Aliyechimba kaburi alibaki Zaire na hajarudi, na hakuwahi kumweleza mahali zaidi ya kusema ni njiani, karibu na mwamba.

"Nasikia uliona tatu," Afisa alisema. "Mmoja iko mdogo?"

Medina alikuwa na tabaga mapajani, duara la tatu la rangi nyekundu. Aliweka sindano chini. Alinyanyua mikono yake miwili juu ya tabaga, akaitenganisha kama ilivyokuwa siku ile kati ya mashina, viwiko havijanyooka.

Afisa aliutazama upana huo. Kisha akakaa mkekani.

Jumamosi, tarehe ishirini Februari, pikapu ya Silvester iliwashusha wanawake wawili Koboko. Lokule alikuwa akiwangoja na baiskeli mbili. Ya pili iliendeshwa na shemeji yake, Fabiano. Walipofika kwenye daraja la mbao wote walishuka wakatembea, na walipouona mwamba, Lokule, Fabiano na Medina wakasimama barabarani. Afisa alivua viatu, akatangulia.