Mukate Haipendake Makelele

We unanisikiliza, nyumba yako iko na makelele ya batoto? Kama iko, usiifukuze. Mi nilifukuza yangu, ikanisikia, ikaenda kabisa.

Mi ni muntu wa mukate. Sisemi ile ya bulanjeri, ya kununua, yenye inakauka kesho yake. Nasema mukate ya sukari, ya kupika ku nyumba: farini ya ngano, sukari, mafuta kidogo, ganda ya ndimu, na levire ya kuvimbisha. Sufuria unaweka juu ya babula, ile jiko ya makaa, makala kidogo chini, ingine unatandika juu ya kifuniko, ndani inaiva pole pole. Mama yangu alinifundisha kule Lweba, na sheria yake pia: wakati mukate iko inavimba, muntu asikimbie ndani ya nyumba, asipige mulango, asiimbe. Mukate haipendake makelele. Ikisikia, inaanguka.

Basi hapa Baraka, kila siku ya posho, ni kusema jumamosi, ili tukule kesho yake tukitoka kanisa, nilikuwa nafukuza bajukuu bote inje. Balikuwa sita, mi ndiye koko yabo, nyanya yabo. Mukubwa wabo, binti, alizaliwa na wimbo mu kinywa. Mukate ikianguka, zaidi mu siku za mvua, mi naangalia yeye tu.

"Ni we na nyimbo zako. Toka, kaa ku baraza mupaka nikuite."

Anatoka, ananuna, mudomo kama wa bata.

Sasa bote bameenda. Batano bamefuata bazazi babo Kalemie. Ule mukubwa iko Uvira, anasomea kazi ya hospitali. Mi nimebaki na kuku tatu. Asubuhi nasikia ziwa, mangaribi nasikia ziwa. Nasalimiaka sufuria: "Mama, umelala aje?" Hainijibu, lakini haina matusi pia. Vakansi mbili, likizo za masomo, zimepita, ule binti hajakuya. Ku telefone ananiambia tu masomo iko mingi.

Ile posho moja, mvua ilinyesha, nikakanda, nikafunika na kitenge, nikakaa ku kiti. Kimya. Ata kuku zilinyamaza juu ya baridi. Nikafunua: mukate imelala chini kama tope. Nikageuka huku, nikageuka kule, natafuta wa kugombeza. Nikacheka. Kicheko ikazunguka nyumba, haikupata muntu wa kuipokea, ikanirudilia.

Nikabeba ile bakuli kwa jirani yangu, mama moja wa Burundi, anapikaka mandazi. Akagusa, akanusa.

"Mama, levire imekufa. Ulitia maji ya namna gani?"

"Ya moto. Si kuko baridi?"

"Basi umeiua we mwenyewe. Levire inataka maji ya vuguvugu, kama ya kuogesha mutoto muchanga."

Nikarudia ku nyumba na ile bakuli. Kumbe siku zote za mvua, mi ndiye nilikuwa naua mukate. Na mutoto wa bantu naweka ku baraza, na baridi yote ile. Nikajiambia: ndiyo sababu hakuyi. Nikamupigia ule mujukuu kule Uvira.

"Mama yangu, zile mukate zilikuwa zinaanguka, haikuwa we. Ni maji yangu ya moto. Nilikuonea."

Akacheka.

"Koko, na mi mupaka leo naogopaka kuimba kama kuko kitu ku moto."

"Basi ni juu ya ile haukuyi kuniona?"

"Hapana, si ile. Kila mara napiga, unaniambia, 'We soma, usihangaike na mi, niko muzuri.' Nikaona umepumuzika na sisi. Nikasema niache koko na kimya yake."

"Kimya gani? Hii kimya iko inanikula. Nilikuwa nasema vile juu usome."

"Na mi nilikuwa nangoja uniite."

"Basi nakuita. Kuya."

Nikasikia anapangusa pua. Akasema:

"Koko, mutihani ya mwisho iko siku ya tano, ijumaa. Kesho yake, siku ya posho, asubuhi napanda gari. Na sikuyi na kasakoshi, kafuko ka nguo ka siku mbili. Nitakaa mupaka we mwenyewe uniambie umechoka na mi."