Mashine ya Mektilda Isiyojua Kuamkia

Hivi umewahi kuona mtu anaionea wivu sauti yake mwenyewe? Mektilda wa Chemchem yalimkuta.

Mektilda anauza asali. Simu za wateja zilimchosha, basi fundi Fikiri akamfungia mtambo wa kupokea simu kwenye kompyuta kuukuu. Programu ya bure kabisa, ile ambayo fundi yeyote anaruhusiwa kuifungua na kuichokonoa atakavyo.

Mektilda akarekodi sauti: "Karibu Asali ya Mektilda. Kwa bei, bonyeza moja. Kuleta asali, bonyeza mbili."

Akajiona bosi. Tabora nzima nani kama yeye?

Wa kwanza kupiga akawa Mzee Ngollo, mrina asali wa Usinge anayemletea mzigo wote. Mzee akasikia binti mdogo anamwamuru abonyeze mbili, shikamoo hakuna. Akakata. Akatuma salamu kwamba asali yake hawauzii wasio na adabu.

Mektilda jasho lilimtoka. Mnunuzi wa Dar alishapanda treni, na ghalani zimebaki ndoo tupu. Akimkosa huyo, duka ndiyo basi tena.

"Fikiri, ifundishe hiyo mashine kuamkia watu," akalia.

Fikiri akaichokonoa, Mektilda akarekodi upya. Sasa ukipiga inasema, "Shikamoo." Inanyamaza, uitikie. "Habari za nyumbani?" Inanyamaza. "Mizinga haijambo?" Ndipo mambo ya kubonyeza yanafuata.

Mdogo wake Mektilda, Leodgar, akawa anapiga kutwa ili tu aitikie marahaba. Mshenzi sana yule.

Ila Mzee Ngollo alipobembelezwa apige tena, alipiga soga na mashine mpaka salio likaisha. Kesho yake huyo, na fuso la asali, treni haijaingia.

Mektilda akapiga goti. "Shikamoo baba."

"Marahaba. Niitie yule binti wa kwenye simu, mwenye adabu zake."

"Baba, ndiye mimi."

Mzee akamtazama juu mpaka chini, akacheka sana. Mzigo hakushusha. Akatoa simu, akapiga, akaitikia salamu zote, akabonyeza mbili.

Simu ikaita mfukoni mwa Mektilda, maana ukibonyeza mbili inahamia kwake. Akakimbilia nyuma ya fuso, akapokea.

"Abee baba."

"Eeh, mwanangu. Huyo bosi wako ana maringo, lakini kwa heshima yako nashusha. Na wazazi wako wako wapi? Nina kijana hajaoa."

Ndoo zikashuka. Mzee akaacha na chupa ya asali, zawadi ya binti. Mektilda aliilamba peke yake, amenuna.

Wenye biashara, nawasihi: kabla hamjamwambia mtu abonyeze, mwamkieni kwanza.