Mara ya Saba Ziwani

Juzi, huku ughaibuni, ndani ya basi la Southall, nyuma yangu walikaa mabibi wawili wa Kihindu wakizungumza Kiswahili cha Unguja kitupu. Mmoja alikuwa ametoka India, kwenye hija ya kijijini kwao, akisimulia vibanda vya bangili vilivyojaa hadi mlangoni pa hekalu.

“Nimejichovya ziwani mara saba, kila mara kumtakasia dhambi asiyeweza kwenda. Mume wangu, wanangu watano…”

“Na ya saba?”

“Yule aliyetutoa nyumbani wakati wa Mapinduzi.”

Fuko la mboga likamponyoka mwenzake. “Wee, shoga! Yule aliyekutupia watoto barabarani?”

“Huyohuyo. Katika wote hao, nani kachafuka kuliko yeye?”

Nilipitiliza kituo changu. Mimi jirani yangu sijamsalimu tangu Iddi, kisa pipa la taka.