Mkanda wa Mama wa Nyumba ya Pili

Jirani yangu wa nyumba ya pili alikuwa mpiga video za harusi, enzi za mikanda mikubwa ya deki. Siku hizi watu wanajipigia kwa simu, basi akabaki na deki mbili, televisheni za chogo zimejaa sebuleni, na kile ambacho shemeji zake walikiita wazimu.

Anachukua mkanda, anaunakili. Ile nakala anainakili tena, na tena, mpaka uso unayeyuka, rangi zinatoka nje ya mwili.

"Hii ndiyo sanaa, kaka," aliniambia. "Mtu akifa haondoki mara moja. Anaondoka hivihivi."

"Mimi naona kichwa kinaniuma tu."

Akacheka mpaka akakohoa.

Mkewe alipofariki, akaanza kunakili mkanda wake: mama yule anaanika nguo, anageuka, anamfokea. Picha za karatasi zilikuwepo, lakini sauti yake ilikuwa humo tu. Binti yao alikuwa na mimba. Akamwambia, "Baba, chezea nakala. Ule wenyewe usiuguse. Nataka mwanangu amsikie bibi yake."

"Siugusi, mama."

Sasa mikanda ile ina kijipande cha plastiki ubavuni. Ukikivunja linabaki tundu, na deki inakataa kurekodi juu ya mkanda huo; ukiliziba tundu, inakubali tena. Wenzake walikuwa wanakivunja. Yeye, mikanda ilivyokuwa adimu, kila tundu aliliziba kwa selotepu ili aitumie tena. Mkono ulishazoea, hata sijui kama alikuwa anafikiri. Na huo wa mkewe alikuwa ameuziba.

Basi siku moja akaichanganya: nakala iliyochoka akaiweka deki ya kucheza, mkanda wenyewe akauweka deki ya kurekodi. Deki haikukataa. Nilikuwepo, tunapiga soga za goti langu, na yeye anatazama chenga zile kwa raha kabisa.

Binti alikuja na mtoto mgongoni. Mzee akaingiza mkanda. Doa la rangi likayumba kwenye chenga, na sauti kama ya mtu anayeongea mdomo umejaa maji. Akautoa, akautazama ubavuni, akapitisha kidole kwenye selotepu. Akaurudisha. Lilelile doa.

Binti hakulia. Alisogea karibu na kioo.

"Hapo anasema nini, baba?"

Mzee alikuwa anayajua maneno yale kwa moyo.

"Anasema nizime hilo dude, nije nimsaidie nguo."

Mtoto akaanza kulia mgongoni. Binti akamtikisatikisa, macho hayatoki kwenye doa.

"Basi zima, baba."

Hakuweza. Nilizima mimi.